Antivirasi ikizuia programu, si lazima iwe na kirusi

Kwenye stesheneri za Moshi mjini imani hii ni ya siku nyingi: antivirasi ikiitupa programu karantini (mahali inapofungia faili inazozishuku), basi ina kirusi, hakuna mjadala. Wengine huona dawa ni kuizima antivirasi kabisa.

Antivirasi hulinganisha faili na alama za virusi vinavyojulikana, na pia huangalia mwenendo. Kwenye mwenendo ndipo inapokosea zaidi. Programu ndogo ya kuchapa risiti, iliyoandikwa na kijana wa mtaani, haina saini ya kidijitali (muhuri wa kuthibitisha mtengenezaji wake), watumiaji wake ni wachache, tena inagusa mafaili ya mfumo. Kwa antivirasi, huyo ni mgeni anayebisha hodi saa nane usiku.

Kabla ya kuirudisha, ihakiki. Kwenye Windows fungua PowerShell, dirisha la kuandikia amri, andika Get-FileHash, acha nafasi, buruta faili hapo, bonyeza Enter. Utapata mfuatano wa herufi na tarakimu 64, kama alama ya kidole ya faili hilo. Ulinganishe na ule wa SHA-256 (jina la njia ya kuukokotoa) uliotolewa na mtengenezaji. Ikitofautiana hata moja, hilo silo faili lake. (Programu ya kulipia iliyofunguliwa kinyemela, iliyokuja kwa flashi ya rafiki, mimi singeirudisha.)

Mifuatano ikilingana, na mtengenezaji unamwamini, sasisha antivirasi, kisha ruhusu faili hilo moja tu. Usiruhusu folda nzima ya Downloads, maana huko ndiko kila kitu kinakoshukia. Watengenezaji wa antivirasi nao hupokea taarifa za makosa kama haya, watumie yako ili warekebishe.