Magurudumu ya Waverley hayazunguki kila moja kivyake

Wengi huamini kuwa meli ya mvuke yenye gurudumu la makasia kila ubavu hugeuka papo hapo: gurudumu moja likizunguka kwenda mbele, jingine kurudi nyuma. Kwa Waverley ya Scotland, sivyo. Iliundwa Glasgow, ikashushwa majini Oktoba 1946, ikaanza kubeba abiria 1947 chini ya kampuni ya reli ya LNER, badala ya Waverley ya 1899 iliyozamishwa Dunkirk, Ufaransa, mwaka 1940.

Injini ni moja, ya silinda tatu. Mvuke huingia silinda ndogo, kisha ya kati, halafu kubwa, na zote huzungusha shafti ileile inayopita meli kwa upana. Magurudumu yamekazwa kwenye ncha zake mbili. Likizunguka la kushoto, la kulia nalo huzunguka, upande uleule, kasi ileile.

Kinachogeuza meli ni usukani tu, na hapo ndipo ilipo taabu ya kufunga gati. Kwenye meli nyingine, rafadha (panga linalozunguka majini nyuma ya meli) husukuma maji moja kwa moja kwenye usukani, hata kabla meli haijashika mwendo. Makasia ya Waverley yako katikati, kwa hiyo mwendo ukipungua usukani hulegea, na upepo wa ubavuni huichukua meli. Abiria nao wakijazana upande mmoja (kuna kitu cha kutazama daima!), gurudumu moja huzama zaidi na msukumo hautoshani.

Imani yenyewe haikuzuka hewani: baadhi ya tagi za makasia (meli ndogo za kuvuta meli kubwa) zilikuwa na injini mbili, kila gurudumu na yake.