Serikali ikikupa maksi za ushukiwa na wewe hujui

Watu wengi wakisikia serikali inafuatilia wananchi wanawaza kamera za barabarani na simu kusikilizwa. Mimi kazi yangu ni hizi modeli za data, na kinachonitisha zaidi ni ile namba ambayo kompyuta inakupa kimyakimya alafu maisha yako yanaenda nayo.

Angalia Uholanzi. Mzazi anayefanya kazi akipeleka mtoto kwenye kituo cha kulelea watoto, serikali inamsaidia sehemu ya gharama. Kuanzia 2013 mamlaka ya kodi ikawa inatumia algorithimu, yani programu ya kompyuta inayojifunza yenyewe kutokana na data, kuchuja maombi, kila ombi linapewa maksi kati ya 0 na 1, zikiwa juu sana linapelekwa kwa afisa alikague kwa mkono. Na afisa haambiwi kwa nini huyu mtu kashukiwa! Anajua tu mashine imemnyooshea kidole, kwahiyo anaanza kutafuta kosa.

Kigezo kimojawapo kilikuwa kama una uraia wa Uholanzi au huna. Huna, maksi zinapanda. Kipato kidogo nacho kilihesabika. Sasa modeli ya namna hii ukishaielekeza kwa wageni na watu wa hali ya chini, hao ndo watakaokaguliwa sana, hao ndo watakaokutwa na makosa, alafu hayo makosa yanarudi kuifundisha modeli kwamba ilikuwa sahihi, na mzunguko unaendelea hivyohivyo bila mtu yeyote kukaa chini na kuamua kubagua.

Kosa lenyewe lingeweza kuwa saini moja tu imekosekana kwenye fomu, mzazi anadaiwa arudishe msaada wote, makumi elfu ya euro, na ukishaitwa mdanganyifu huruhusiwi hata kulipa kidogokidogo. Familia zaidi ya 20,000 zilituhumiwa bure. Watoto zaidi ya 1,000 wa familia hizo walichukuliwa na kulelewa kwingine, yani hapa mimi huwa naishiwa maneno. Januari 2021 serikali ya waziri mkuu Mark Rutte ikajiuzulu kwa sababu ya hii kashfa.

Kulikuwa na mfumo mwingine pia, SyRI, wa kuunganisha data za kodi, ajira, madeni na makazi ili kusaka wadanganyifu, ukaelekezwa kwenye mitaa ya watu wa kipato cha chini. Mashirika ya haki na chama cha wafanyakazi FNV wakaupeleka kwenye mahakama ya Uholanzi iliyoko The Hague, na tarehe 5 Februari 2020 ukapigwa stop. Serikali ilijitetea kwamba ikitaja vigezo watu watajua jinsi ya kukwepa, mahakama ikasema mfumo usioweza kuhakikiwa unavunja haki ya faragha.

Hiyo hoja ya kukwepa inatolewa sana na siikubali hata kidogo. Mtu akikatiwa hela ya mwanae aonyeshwe ni kigezo gani kimemkamata, na kama hakuna anayeweza kumuelezea basi asikatiwe.