Vioo vya makanisa ya kale havikuchuruzika
Ni kweli, baadhi ya vioo vya madirisha ya makanisa ya kale ya Ulaya ni vinene zaidi upande wa chini. Lakini si kwa sababu kioo ni kimiminika kinachoshuka polepole kwa karne nyingi, kama inavyodaiwa mara nyingi. Sababu ni namna kilivyotengenezwa zamani: fundi alipuliza donge la kioo cha moto, akalihamishia kwenye fimbo ya chuma, akalipasha tena, kisha akalizungusha kwa kasi hadi likafunguka kama sahani. Unene haukuwa sawa, na katikati kulibaki kinundu. Vipande vilivyokatwa humo vilipachikwa vyovyote. Vingine ni vinene juu au ubavuni, na hapo hoja ya kuchuruzika inakwama. Kioo cha kawaida huanza kulegea kwenye nyuzijoto 550 hivi za Selsiasi, joto ambalo ukuta wa kanisa haulifikii.