Kuyeyusha barafu ya Mirihi hakutoshi

Jana kwenye kijiwe cha kahawa Kariakoo, kijana mmoja alitamka kwa uhakika: "Wakiyeyusha ile barafu ya Mirihi, watu wanahamia." Wengi wanaamini hivyo, na si kweli.

Kinachokosekana zaidi ni hewa. Mgandamizo wa hewa ya Mirihi haufiki asilimia 1 ya huu wetu wa Dar. Nilimwonyesha dele lililokuwa likitokota juu ya mkaa: hapa pwani maji huchemka kwenye nyuzi 100, lakini mgandamizo ukipungua, huchemka mapema. Kule, maji ukiyamwaga chini yangechemka huku yanaganda, bila mkaa wowote.

Basi tuyeyushe tupate hewa? Mwaka 2018 wanasayansi Bruce Jakosky na Christopher Edwards walipiga hesabu: hewa ukaa yote inayoweza kufikiwa, pamoja na iliyoganda kwenye barafu za ncha za sayari hiyo, ingefikisha mgandamizo kama asilimia 2 tu ya wetu. Joto lisingepanda hata nyuzi 10, na wastani wa huko ni karibu 60 chini ya sifuri! Hewa nyingi ya zamani ilishapeperushwa angani na upepo wa jua (chembechembe zinazotoka kwenye Jua kwa kasi), kwa mabilioni ya miaka. Hiyo hairudi kwa kuyeyusha barafu.