Mhariri wa filamu hakati makosa tu

Wengi huamini kuwa mhariri wa filamu ni fundi wa kuondoa vipande vibovu, basi. Sivyo. Mtazame Walter Murch wa Marekani, mmoja wa wahariri wa Apocalypse Now ya 1979. Picha zilizorekodiwa zilizidi saa 230, na vipande vizuri vilikuwa tele. Kazi ilikuwa kuamua hadithi ipite wapi. Murch huhariri akiwa amesimama. Hucheza kipande, kisha hukisimamisha ghafla pale anapohisi kinatosha. Hurudia. Akiangukia fremu ileile, yaani picha moja tuli kati ya zile zinazounda filamu, mara ya pili, hapo ndipo anapokata. Na haishii kwenye picha: The English Patient ya 1996 ilimpatia Oscar mbili usiku mmoja, ya uhariri na ya sauti.