Shedi moja juu ya nini, jamani?

Jumamosi iliyopita, saa nne asubuhi, Tabata. Bibi harusi yuko kwenye kiti, uso umeshaoshwa, praima, ile ya kupaka kabla ya fondesheni, imeshakaa, mi nimeshika sponji mkononi, na nyuma yangu kasimama shangazi mtu na sare yake ya kitenge na kikombe cha chai, macho yote kwenye chupa ya fondesheni niliyoitoa kwenye begi. "Mwanangu, hiyo si nyeusi hiyo? Mtie iliyo nyeupe kidogo, leo siku yake, ang'ae."

Nikamwamkia upya. Nilishamwamkia mlangoni, ila nikaona bora nimpe shikamoo ya pili kuliko kile kilichokuwa kinanijia mdomoni. Maana wiki moja kabla alikuwa mama mkubwa, kabla yake wifi, na Desemba bibi harusi mwenyewe alikuja na chupa kanunua, shedi mbili juu ya rangi yake, yaani ngazi mbili kuelekea weupe, tukabishana mpaka gari la kumchukua likapiga honi nje. Sentensi ni ileile, nyeupe kidogo ang'ae, nyeupe kidogo ang'ae, sijui huwa wanakutana wapi kuipanga.

Basi leo naliandika jibu, na nikiulizwa tena natuma linki.

Kwenye fondesheni ukitoa maji, mafuta na silikoni, rangi zenyewe ni nne tu. Nyeupe, nyekundu, njano, nyeusi. Ile nyeupe ni titaniamu daioksaidi, hizo tatu ni oksaidi za chuma, ukoo mmoja na kutu ya bati la kwenu. Shedi karibu zote unazoziona dukani ni hizo nne zimepishana vipimo. Kwa hiyo unaposema nyeupe kidogo, unachoongezewa ni ile titaniamu, na hiyo kitu haileti mwanga usoni, inafunika. Inafunika vizuri sana, ndo kazi yake, hata rangi ya ukutani inawekwa.

Sasa fanya hivi nyumbani. Chukua maziwa kijiko kimoja, yachanganye na maji mengi, mwaga kidogo kwenye kikaango cheusi. Utaona yamekuwa na ka-bluu, ka-kijivu fulani hivi kama moshi, na maziwa ni yaleyale meupe uliyoyatoa kwenye pakiti. Weupe ukitandazwa mwembamba juu ya kitu cheusi unatoa hiyo rangi. Na fondesheni hatuipaki kama lipu, tunaitandaza nyembamba. Kwa hiyo ukiweka shedi nyeupe juu ya ngozi nyeusi hupati maji ya kunde, unapata majivu. Ndo ile sura tunayoiona ukumbini, bibi harusi kama katoka kuchungulia pipa la sembe, shingo na mikono inaendelea na maisha yake, na watu wanasema mpambaji mbaya wakati mpambaji alizidiwa nguvu na kamati.

Yule wa Tabata ana ule weusi wenye wekundu ndani, kama mbegu ya ukwaju ukishaifuta. Ngozi hiyo inang'aa yenyewe, inataka mafuta kidogo na isifunikwe. Nilichompa ni fondesheni ya rangi yake kabisa, nyembamba, konsila, ile nzito ya kufichia weusi, iliyopanda shedi moja na nusu, chini ya macho na katikati ya paji tu, halafu hailaita, ile ya kumeremeta, ya dhahabu kwenye mfupa wa shavu. Kung'aa kunatokana na tofauti, sehemu moja ikae kimya nyingine iseme. Ukipandisha uso mzima hakuna kilichobaki cha kung'aa, umetengeneza sahani. Shangazi aliangalia, akanywa chai, hakusema kitu. Mi nalihesabu kama goli.

Ila nisijifanye malaika, hapa kuna kona. Zipo fondesheni zinazoshuka, yaani unaipaka iko sawa, baada ya robo saa imekuwa nyeusi au imeingia uchungwa. Za hivyo naanzia nusu shedi juu makusudi ili zikishuka zitue penyewe. Kwa hiyo shangazi akiniona siku hiyo atasema si ndo hicho nilichokwambia. Sio hicho, shangazi.

Na hili la kushuka wapambaji wote tunaliita kuoksidaizi, tulivyofundishwa, kwamba hewa inaichoma rangi kama inavyolifanya tunda lililomenywa. Mi siku hizi naona kama tunadanganyana. Hizo oksaidi za chuma tayari ni kutu, kutu itaota kutu mara ya pili? Nachokiona kwa macho ni kwamba wenye ngozi ya mafuta ndo zinawashukia sana, kwa hiyo nashuku ni mafuta ya uso yanalowesha ile rangi, kama saruji kavu ikimwagiwa maji inavyokuwa nyeusi, pamoja na vile vimiminika vya kwenye chupa vinavyopaa. Sina maabara, nina sponji. Ila hata ungeiita jina gani dawa ni moja, ukipaka ya kujaribu subiri dakika kumi na tano ndo uamue. Muuzaji akikuharakisha mwambie unamsubiri bodaboda.

Picha. Hoja ya pili ya mashangazi ni "kwenye picha atatoka mweusi". Atatoka mweusi kwa sababu ni mweusi, hilo moja. La pili, akitoka giza hilo ni suala la mpiga picha na taa zake, gauni jeupe linaidanganya kamera inabana mwanga, uso unazama. Hapo anayetakiwa kusogea ni mwenye kamera. Na flashi ikipiga kwenye uso uliojaa titaniamu, au ile sanskrini ya madini, au poda nyeupe ya silika imemwagwa chini ya macho bila kukung'utwa, inarudi yote kwenye lenzi na mtu anatoka kama kapigwa chokaa. Hiyo imewakuta mpaka mastaa wa Hollywood kwenye zulia jekundu, picha zipo mtandaoni, na wale walipambwa na watu wanaolipwa kuliko mimi.

Haya, tuje kwenye kitu ambacho ndo kinakosewa kweli wakati watu wanapigania weupe na weusi. Andatoni. Rangi ya chini ya ngozi. Watu wawili wanaweza kuwa na weusi uleule ukiwapiga picha nyeusi na nyeupe, ila mmoja ana wekundu chini, mwingine ana njano, mwingine sijui niite kijanikijani, na chupa ya mmoja kwa mwenzie ni maafa. Mwenye wekundu akipakwa ya njano anakuwa kama mgonjwa wa ini. Mwenye njano akipakwa nyekundu anakuwa tofali. Wateja wengi wanaokuja wakisema "hii imeniwia nyeusi mno" shedi yao iko sawa kabisa kwa kina, yaani kiasi cha weusi, kilichokosewa ni andatoni, wanapanda juu kutafuta nyeupe, wanakosea mara mbili.

Na herufi za kwenye chupa zisikupumbaze. MAC, kampuni ya vipodozi, wana NC na NW, NC ni ya ngozi zenye njano au dhahabu, NW ya zenye upinki, wakati herufi C yenyewe inasimama kwa ubaridi na W kwa joto. Kampuni nyingine nyingi W yao ni hiyohiyo ya njano. Yaani kinyume. Mtu anatoka na NW45 kichwani anaenda kununua W ya kampuni nyingine, halafu analalamika kauziwa feki. (Inawezekana pia kauziwa feki, Kariakoo ni Kariakoo, ila tuanze na hili.)

Kile kipimo cha mishipa ya mkononi, ikiwa bluu we baridi, ikiwa kijani we joto, jamani mimi mishipa yangu siioni. Wateja wangu nusu hawaioni. Kimetungwa na watu ambao mishipa yao inaonekana. Cha vito vya dhahabu na fedha nacho, kila mtu dhahabu inampendeza. Mi naangalia nini? Naweka shedi tatu za kina kimoja, nyekundu, njano na ya katikati, mistari mitatu kuanzia chini ya shavu inakatiza taya mpaka inagusa shingo, nampeleka mtu mlangoni kwenye kivuli, sio juani, na sio chini ya ile taa nyeupe ya dukani ambayo inamfanya kila mtu maiti. Mstari unaopotea ndo wake. Kama inapotea miwili nachanganya. Na kama haupotei hata mmoja, ambayo inatokea zaidi ya ninavyopenda kukiri, nabahatisha kwa jicho, naongeza tone la rangi nyekundu au njano mpaka linyamaze. Kuna bibi harusi mmoja wa Tanga mpaka leo sijajua andatoni yake ilikuwa nini. Alipendeza, lakini sijui.

Mgongo wa mkono acheni. Mkono unapigwa jua, unafua, unaosha vyombo, rangi yake na ya uso wapi na wapi.

Ila hata nikisema uso, uso upi? Hapa ndo vitabu vinapita haraka. Wengi wetu paji na pembeni ya mdomo ni nyeusi kuliko mashavu, kwa hiyo uso mmoja una shedi tatu. Ukifuata shavu, paji litakuwa na majivu. Ukifuata paji, umezima. Mi nafuata shingo na kifua, hasa kwa bibi harusi maana gauni linaacha mabega wazi, halafu paji naliwekea shedi yake peke yake. Na wale wa mkorogo, nasema bila kumsema mtu, uso umepanda shingo imebaki, vidole vina vituta vyeusi, hapo hakuna chupa duniani inayomechi kwa sababu hakuna rangi moja ya kumechi nayo. Hapo pia nafuata shingo, na hapo ndo tunagombana kweli, maana mtu kalipa hela na maumivu aondoke kwenye rangi ya shingo halafu mi namrudisha.

Zamani tungesema shedi zetu hazipo. Iman, yule mwanamitindo Msomali, alianzisha kampuni yake 1994 kwa sababu hiyo, wapambaji walikuwa wanamuuliza kama kaja na fondesheni yake mwenyewe. Mwaka 2017 Fenty Beauty ya Rihanna ikatoka na shedi 40 kwa mpigo na wengine wote wakaanza kukimbizana. Kwa hiyo zipo. Tatizo letu ni kwamba mwenye duka anaagiza za katikati kwa sababu ndo "zinatoka", na zinatoka kwa sababu shangazi kasema nyeupe kidogo. Mi shedi zangu za chini kabisa naagizia mtu anayesafiri, zinakaa wiki tatu njiani, na huwa nazinunua mbilimbili.

Halafu moja la mwisho kabla sijaenda kuosha brashi. Naombeni msinitumie selfi WhatsApp na "dada nambie shedi yangu". Simu yako imeshakulainisha, imeshakupandisha, umesimama chini ya ringi laiti, nyuma yako kuna pazia la kijani. Nikikujibu hapo namjibu pazia. Njoo uso mkavu, bila sanskrini ya kung'aa, asubuhi kabla jua halijawa kali, na kama unakuja na shangazi mwambie chai ipo, akae kule kwenye kochi.