Kusikiliza Mpira Mubashara: Redio, Strimu na Sekunde Zinazopotea Njiani

Kusikiliza mpira mubashara ni kupata sauti ya mechi wakati mechi yenyewe inachezwa. Mtangazaji anaona, anasema, na msikilizaji anapokea kabla filimbi ya mwisho haijapulizwa. Hata hivyo, mashabiki wawili wanaweza kusikiliza mechi moja, kila mmoja kwa njia yake, na mmoja akashangilia bao karibu nusu dakika kabla ya mwenzake. Wote wawili wanasikiliza mubashara, ila sauti zao zimepita njia mbili tofauti, na kila njia hula muda wake. Kwa hiyo jambo la kwanza ninalotaka kujua kuhusu njia yoyote ya kusikiliza mpira ni hili: iko nyuma ya uwanja kwa sekunde ngapi? Bei, ubora wa sauti na urahisi nitayaangalia baadaye.

Tuanze na redio, kwa kuwa ndiyo mkongwe. BBC ilirusha matangazo yake ya kwanza ya moja kwa moja ya mechi ya soka tarehe 22 Januari 1927, Arsenal ilipotoka sare ya 1-1 na Sheffield United katika uwanja wa Highbury, London. Mtangazaji alikuwa H.B.T. Wakelam, mchezaji wa zamani wa raga. Wasikilizaji hawakuwa wamezoea kufuata mpira kwa masikio, hivyo jarida la Radio Times lilichapisha mchoro wa uwanja uliogawanywa katika miraba yenye namba. Wakelam alipokuwa akisimulia, sauti ya pili ilitaja namba ya mraba ambao mpira ulikuwamo. Msikilizaji aliweka mchoro mapajani na kufuata.

Mchoro huo haupo tena, lakini kazi uliyofanya haijaisha. Mtangazaji mzuri wa redio bado anakueleza mpira uko wapi, uko na nani, unaelekea upande gani, na timu ipi inashambulia kutoka kushoto kwenda kulia. Anarudia matokeo na dakika mara nyingi kwa sababu anajua kuna mtu amefungua redio sasa hivi. Mtangazaji wa televisheni anaweza kunyamaza sekunde kumi na picha ikaendelea kusema, ila wa redio akinyamaza, mechi imesimama. Ndiyo maana kuchukua sauti ya televisheni bila picha hakukupi kitu kilekile: utasikia majina ya wachezaji na maoni ya mchambuzi, lakini hutajua mpira uko kwenye kibendera cha kona au katikati ya uwanja. Strimu nyingi, yaani matangazo yanayopokelewa kwa intaneti, zinazojiita za sauti ni sauti ya televisheni tu, na tofauti hiyo utaigundua ndani ya dakika tano.

Kipimo kigumu zaidi cha utangazaji wa sauti ni shabiki asiyeona. Kwa ajili yake umekua utangazaji wa maelezo, ambao hutumika katika viwanja na mashindano makubwa. Mtangazaji wake haachi pengo kwa ajili ya soga. Anaeleza mpira ulipo, rangi ya jezi, mwamuzi anavyoashiria, kocha anavyolalamika pembeni. Shabiki huyo mara nyingi yumo uwanjani, amezungukwa na watu wanaoshangilia, hivyo maelezo yakichelewa hata kwa sekunde tano yanakuwa bure: jukwaa limeshalipuka naye bado anasikia kona ikipigwa. Kwa sababu hiyo, vifaa vya kazi hiyo hutumia masafa ya redio ya eneo la uwanja au mfumo wa mtandaoni uliotengenezwa kwa kasi ya pekee.

Sasa njia zenyewe. Redio ya FM, inayotumia masafa ya megahezi 87.5 hadi 108, ndiyo ya haraka kuliko zote. Mawimbi ya redio husafiri kilomita 300,000 kwa sekunde, wakati sauti hewani husafiri takriban mita 340 tu. Fikiria maikrofoni iliyo kando ya uwanja na matangazo yanayokwenda moja kwa moja hadi mnarani bila kugeuzwa kuwa dijitali. Mtu aliye kilomita 100 kutoka hapo anaweza kusikia teke la penalti kabla ya shabiki aliyekaa jukwaa la mbali, mita mia moja kutoka kwenye mpira, maana sauti ya teke humfikia huyo wa jukwaani baada ya karibu theluthi ya sekunde. Siku hizi njia ya kutoka uwanjani hadi studio huwa na hatua za kidijitali, na vituo vingine huongeza sekunde chache kwa makusudi ili kukata maneno machafu, lakini FM bado hubaki karibu sana na tukio.

Udhaifu wake ni umbali. Mawimbi ya FM huenda karibu kwa mstari ulionyooka, kwa hiyo mlima au upeo wa macho huyazuia. Ukiwa nje ya eneo la mnara, umekosa. Masafa ya kati, ambayo redio nyingi huyaandika AM au MW, hufika mbali zaidi, na usiku hufika mbali sana. Mchana tabaka la chini la ioniosfera (sehemu ya juu ya angahewa yenye chembe za umeme), linaloitwa D, huyanyonya mawimbi hayo. Jua likizama tabaka hilo hutoweka, mawimbi hupanda hadi tabaka za juu na kurudishwa ardhini mamia ya kilomita kutoka yalikotoka. Sauti hupanda na kushuka, na kituo kingine huingilia, lakini mechi ya usiku ya nchi jirani husikika kwa redio ndogo ya betri bila intaneti yoyote. Nasikitika kuona vituo vingi vikiyazima masafa hayo kwa sababu ya gharama za umeme na mitambo.

Kuna pia redio ya kidijitali, DAB, ambayo huja kwa mawimbi ya hewani lakini sauti yake imefungwa katika data. Norwei iliihamishia vituo vyake vya kitaifa mwaka 2017 na kuviondoa kwenye FM. Sauti ni safi, ila kufunga na kufungua data hiyo huchukua sekunde chache, na redio mbili za DAB katika nyumba moja zinaweza zisiende sawa.

Watu wengi hudhani matangazo yanayopita kwenye setilaiti huchelewa kwa sababu setilaiti iko mbali. Hesabu inasema vingine. Setilaiti ya matangazo huwa juu karibu kilomita 36,000, hivyo kupanda na kushuka kwa mawimbi huchukua takriban robo ya sekunde. Muda mwingi hupotea ardhini, kwenye mitambo inayobana picha na sauti na kuzifungua upande wa pili. Hapo ndipo penye jambo ambalo msikilizaji haambiwi: mtangazaji wa redio wakati mwingine hayuko uwanjani, yuko studio anatazama skrini. Kama picha yake imeshachelewa sekunde sita, basi hata FM yako imechelewa sekunde sita, na haziwezi kurudi.

Strimu ndiyo njia inayofika popote penye intaneti, na ndiyo inayochelewa zaidi. Intaneti haipeleki sauti kama uzi mmoja usiokatika. Inaipeleka kwa vifungu vidogo vinavyoweza kuchelewa, kupishana au kupotea. Ili usisikie mikatiko hiyo, programu ya simu hujiwekea akiba ya sauti kabla ya kuanza kucheza, kama nyumba inavyoweka tangi la maji juu ya paa ili bomba likikatika kidogo mtu jikoni asijue. Akiba kubwa huleta utulivu, na hukuweka mbali na uwanja kwa kiasi hichohicho.

Mfumo unaotumika sana, HLS, uliotolewa na Apple mwaka 2009, hukata sauti au picha katika vipande, kwa kawaida vya takriban sekunde sita kila kimoja. Kipande hakiwezi kutumwa mpaka kikamilike, na programu hushauriwa isianze kucheza karibu zaidi na mwisho wa strimu kuliko urefu wa vipande vitatu. Tatu mara sita ni 18. Ongeza muda wa kubana sauti na wa safari kwenye seva, yaani kompyuta zinazosambaza strimu, unafika sekunde 20 au 30. Yapo matoleo mapya ya mifumo hii yanayopunguza muda huo hadi sekunde chache, na strimu za kizamani za redio zinazomwaga sauti mfululizo bila kuikata vipande huwa mbele kidogo ya HLS ya kawaida. Lakini ukifungua programu ya redio bila kujua kilichomo ndani yake, tarajia nusu dakika.

Nusu dakika ni nyingi kwenye soka. Taarifa ya bao kutoka programu ya matokeo hukufikia kabla mtangazaji wako hajasema krosi imepigwa. Rafiki anakuandikia "haaa!" na wewe bado unasikia kipa akipiga mpira wa golini. Mimi huzima taarifa zote za simu kabla ya mechi na kuliacha kundi la soga mpaka mapumziko, na naona ni hatua ya maana kuliko kununua kifurushi cha kasi zaidi. Kasi ya intaneti ikishatosha kubeba sauti, kuiongeza hakuondoi akiba iliyowekwa na programu.

Kingine: kila strimu inapokwama na kujivuta, programu nyingi huendelea kutoka pale ilipokatika. Ukikwama mara nne katika kipindi cha kwanza, unaweza kuwa umeongeza dakika nzima ya kuchelewa bila kujua. Kusimamisha kwa muda ili uongee na mtu hufanya vilevile. Dawa ni kufunga strimu kabisa na kuifungua upya, au kubonyeza kitufe cha kurudi mubashara kama kipo.

Wapo wanaopenda kutazama picha ya televisheni huku wakisikiliza watangazaji wa redio. Inawezekana. Redio ya FM huwa mbele ya picha, kwa hiyo chukua redio kwa strimu badala ya FM. Ikiwa bado iko mbele, isimamishe sekunde kadhaa hadi sauti ya mpira wa kuanza ilingane na picha. Ikiwa picha ndiyo iliyo mbele na kisimbuzi chako kina uwezo wa kusimamisha, simamisha picha. Filimbi ya mwamuzi ni alama nzuri ya kulinganisha, kuliko kelele za mashabiki ambazo hazina mwanzo dhahiri.

Kwa upande wa data, sauti ina huruma. Strimu ya kilobiti 48 kwa sekunde hutumia megabaiti 21.6 kwa saa, hivyo mechi pamoja na mapumziko na dakika za nyongeza, tuseme saa mbili, ni megabaiti 43 hivi. Kwa kilobiti 128 ni karibu 115. Video ya kawaida ya megabiti 3 kwa sekunde ingekula gigabaiti 2.7 kwa muda huohuo. Sauti ya binadamu haihitaji kilobiti nyingi, na kwa namna za kisasa za kubana sauti, 48 husikika vizuri. Programu ikikupa chaguo la ubora, chagua wa chini bila hofu. Kama simu yako ina redio ya FM ndani yake, huhitaji data kabisa, ila chomeka hedifoni za waya hata kama utatumia spika: waya huo ndio antena. Simu nyingi mpya zimeondolewa redio hiyo, jambo linalowaumiza hasa watu wanaohesabu bando.

Limebaki suala la haki za matangazo, ambalo ndilo chanzo cha malalamiko mengi. Ligi na mashirikisho huuza haki za sauti kando na za picha, na huziuza kwa nchi au eneo. Kituo kinaweza kuruhusiwa kurusha mechi kwa mawimbi ya hewani lakini kisiwe na ruhusa ya intaneti, au kiwe nayo kwa wasikilizaji wa nchi yake tu. Seva hutambua ulipo kwa anwani ya IP, namba inayokitambulisha kifaa chako kwenye intaneti. Ndipo unakuta kituo kilekile kinatangaza mechi kwenye masafa, huku strimu yake ikicheza muziki au kipindi kingine. Hakijaharibika, kimezuiwa kwa mkataba, na kuwasha simu upya hakutasaidia. Programu zinazokusanya vituo vya dunia nzima nazo hufungwa na mipaka hiyo, kwa kuwa zinaelekeza tu kwenye strimu ya kituo chenyewe.

Kwa hiyo fanya utafutaji kabla ya siku ya mechi. Anza na tovuti ya klabu, maana klabu nyingi zina watangazaji wao wa sauti, kisha tovuti ya ligi inayotaja wenye haki katika eneo lako, kisha kituo cha redio unachokiamini. Ukiingiza jina la mechi na neno "mubashara" dakika mbili kabla ya kuanza, utapewa pia kurasa zinazokutaka ufungue akaunti ya bure kwa namba ya kadi ya benki, au upakue kichezeshi maalumu kwanza. Sauti ya redio huchezwa na kivinjari cha kawaida cha simu yoyote ya kisasa. Ukurasa unaokudai upakue kitu cha ziada ili uisikie, ufunge.